Dansi Isiyokanyaga Chini

Uogeleaji wa kisanii ni dansi inayochezwa katika maji ya kina kirefu kiasi kwamba mchezaji hana mahali pa kukanyaga. Hufuata muziki, huwa na mwanzo na mwisho uliopangwa, na waamuzi hupima ugumu wa miondoko, usahihi wake na mvuto wa kazi nzima. Ulizoeleka zaidi kwa jina la uogeleaji wa pamoja hadi mwaka 2017, shirikisho la kimataifa lilipoidhinisha jina la sasa katika mkutano wake wa Budapest. Ni mmoja kati ya michezo michache ambayo mwanamichezo akistaafu huwa tayari ana nusu ya ujuzi wa kazi nyingine, nayo ni kazi ya mtunzi wa dansi. Mkimbiaji akiacha mbio huenda akawa kocha au akarudi shambani. Muogeleaji wa kisanii amekwisha kutumia miaka yake akihesabu mapigo ya muziki, akipanga miili ya watu wanane ichore umbo moja, na akijifunza kuficha uchovu asionekane anahema.

Asili yenyewe ya mchezo huu iko jukwaani. Annette Kellerman, aliyezaliwa Sydney mwaka 1886, alianza kuogelea utotoni kwa sababu miguu yake ilikuwa dhaifu na alivishwa vyuma vya kuinyoosha. Mwaka 1907 alikuwa New York, akicheza dansi ndani ya tangi la vioo katika ukumbi wa Hippodrome, mbele ya watu waliolipa kiingilio. Miaka ya 1920, mwalimu wa michezo Katherine Curtis alianza kuwafundisha wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Chicago kuogelea kwa kufuata muziki. Vijana wake walipoonyesha sanaa hiyo katika maonyesho makubwa ya Chicago ya mwaka 1933 na 1934, umati uliwapokea vizuri, na kuanzia hapo wazo la kuifanya iwe ya mashindano likakua. Kisha sinema za Hollywood zikamtangaza Esther Williams, bingwa wa mbio za majini ambaye filamu yake ya Bathing Beauty ilitoka mwaka 1944. Olimpiki ilichelewa sana. Mchezo huu uliingia rasmi Los Angeles mwaka 1984, na hata hapo wako watu waliouliza kama kweli ni mchezo. Swali hilo lingeisha mara moja kama waulizaji wangejaribu kukaa kichwa chini majini kwa nusu dakika, miguu ikiwa imenyooka juu ya maji, bila kushika chochote.

Anayeonyesha vizuri zaidi njia ya kutoka mashindanoni hadi kwenye utunzi ni Sylvie Fréchette, Mkanada aliyezaliwa Montréal mwaka 1967. Mwaka 1991 alikuwa bingwa wa dunia wa wachezaji wa peke yao, mjini Perth, Australia. Mwaka uliofuata alikwenda Barcelona akiwa tegemeo la nchi yake. Siku chache kabla ya michezo kuanza, mchumba wake alifariki. Alishindana hivyo hivyo. Katika hatua ya mikao ya lazima, mwamuzi mmoja alikusudia kumpa alama 9.7, akabonyeza 8.7. Alijaribu kuirekebisha, haikukubaliwa, na kwa tofauti hiyo dhahabu ikaenda kwa Mmarekani Kristen Babb-Sprague. Kanada ililalamika kwa zaidi ya mwaka mzima, na Desemba 1993 Fréchette akavishwa dhahabu yake katika sherehe mjini Montréal, huku Babb-Sprague akibaki na yake.

Jambo lililofuata halisimuliwi mara nyingi, lakini ndilo lenye uzito kwa historia ya sanaa hii. Baada ya Barcelona, Olimpiki iliondoa kabisa shindano la mchezaji wa peke yake. Mwaka 1996 kule Atlanta kulibaki timu tu, na Fréchette, aliyezoea kujaza bwawa zima akiwa mmoja, akarudi kuwa mmoja kati ya wengi na kuchukua fedha pamoja na wenzake. Kisha akahamia Las Vegas, ambako kundi la sarakasi la Cirque du Soleil lilikuwa likiandaa onyesho liitwalo O, chini ya mwongozaji Franco Dragone. Aliogelea na kushiriki katika kutunga sehemu za majini. Onyesho hilo lilifunguliwa Oktoba 1998 katika hoteli ya Bellagio. Liliwapa waogeleaji wastaafu kitu ambacho hawakuwahi kuwa nacho: ajira ya kudumu katika fani yao, mbele ya watazamaji wasioshika karatasi za alama.

Jukwaa la O ni bwawa lenye maji yapatayo lita milioni 5.7, yaliyopashwa moto hadi nyuzi 31 hivi. Sakafu yake hupanda na kushuka kwa mitambo, hivyo mahali ambapo mcheza dansi alitembea juu ya maji ya vifundoni dakika moja iliyopita, dakika inayofuata mwanasarakasi anaweza kuporomokea kutoka dari na kuzama mita kadhaa. Chini ya maji wapo wapiga mbizi wenye mitungi ya hewa, kazi yao ikiwa kumpa mchezaji pumzi akiwa bado amefichika, ili aibuke pale tu muziki unapomtaka. Spika zimefungwa ndani ya maji pia, kwa maana sauti ya ukumbini haimfikii sawasawa aliyezama.

Mtunzi anayefanya kazi mahali kama hapo hana budi kuacha baadhi ya mazoea aliyoyapata mashindanoni. Waamuzi hukaa kando ya bwawa wakihesabu makosa, na kwa hiyo mchezaji hufundishwa kwamba kila pembe ya goti ina bei. Mtazamaji wa kawaida haioni pembe hiyo. Huona kama mtu anaelea kwa huzuni au kwa furaha. Ndiyo maana waogeleaji waliofaulu jukwaani ni wale waliokubali kupunguza mambo, wakiacha mkono mmoja ufanye kazi ambayo mashindanoni ingefanywa na mwili mzima. Bill May, Mmarekani aliyefungiwa Olimpiki miaka yote ya ujana wake kwa kuwa mwanamume, alitumia miaka mingi katika O. Mwaka 2015 mashindano ya dunia ya Kazan yalipofungua shindano la jozi ya mwanamume na mwanamke, alirudi na kutwaa dhahabu akiwa na Christina Jones. Mafunzo ya jukwaani hayakumharibu kama mwanamichezo. Wanaume waliruhusiwa kuingia katika timu za Olimpiki kuanzia Paris 2024, ingawa hakuna hata mmoja aliyeshiriki.

Upande mwingine wa sanaa hii hauna hadhira kabisa wakati wa kuchezwa. Julie Gautier, mpiga mbizi mzaliwa wa kisiwa cha Réunion katika Bahari ya Hindi, alitoa filamu fupi ya AMA tarehe 8 Machi 2018. Anacheza dansi peke yake chini ya maji kwa pumzi aliyoingia nayo, katika bwawa la Y-40 nchini Italia, ambalo kina chake kinazidi mita 40. Kilichomo ni dansi ya majukwaani hasa: anatembea sakafuni, anageuka, anaanguka taratibu. Maji hayambebi kama mapambo. Yanambana, na kila hatua inaonekana imenunuliwa kwa hewa iliyobaki kifuani.

Kuelewa jinsi dansi hii inavyowezekana ni kuelewa mambo mawili, mikono na miguu. Maji ni mazito kuliko hewa takriban mara 800, na uzito huo ndio unaomfaa muogeleaji. Viganja vyake havipigi maji. Huyapapasa kwa kwenda nje na kurudi ndani, vikiinama kidogo kila upande, hadi maji yenyewe yanakuwa kama kitu cha kushikilia. Ndivyo anavyokaa kichwa chini bila kuyumba. Anapokuwa wima, kichwa juu, kazi ni ya miguu: magoti yamepanuliwa, nyayo zinazunguka kwa zamu, wa kulia kwa upande wake na wa kushoto kwa upande wa pili, bila kupumzika. Kifua na mikono hubaki juu ya maji vikicheza, na anayetazama kutoka kando hawezi kujua kwamba chini kuna mtambo unaokimbia. Puani kuna kibanio kidogo cha kuzuia maji, kwa kuwa mtu aliyepinduka kichwa chini hujaa maji puani mara moja. Nywele hupakwa jelatini iliyoyeyushwa kwa maji ya moto, ikikauka inakuwa ngumu na kung'aa, na haitoki hadi ioshwe kwa maji ya moto tena.

Kuna mruko ambao msomaji wa Kajiado, kaunti ya Wamaasai nchini Kenya, atauona kwa jicho tofauti na la msomaji wa Montréal. Muogeleaji hukusanya magoti, hushuka kidogo, kisha hupiga maji kwa nguvu na kuchomoka, mwili ukiwa wima kama mkuki, hadi nyonga ziko nje ya maji. Anakaa hewani kitambo kidogo sana halafu anatumbukia. Adumu, mruko wa morani wa Kimaasai, una umbo hilo hilo. Miguu imebanwa pamoja, mikono imeshuka ubavuni, shingo imenyooka, visigino havigusi ardhi kati ya mruko na mruko. Anayeruka huingia katikati ya nusu duara, mara nyingi akiwa na mwenzake mmoja, na wanaobaki nje ndio wenye muziki. Kiongozi wa wimbo huanza, kundi hujibu kwa sauti nzito za kooni zinazotoka kwa kuvuta na kusukuma pumzi, na sauti hupanda kadiri mruko unavyopanda. Hakuna ngoma inayopigwa. Pumzi ndiyo ngoma.

Tofauti iko katika ardhi. Udongo humrudishia morani nguvu aliyoutwanga nayo, ilhali maji hukubali kusukumwa na kutawanyika, kwa hiyo muogeleaji hulazimika kutengeneza ardhi yake mwenyewe kila mara kwa miguu. Lakini somo la msingi, yaani kuruka bila kupinda kiuno, kutua bila kupoteza mapigo, na kujua lini mwenzako anaondoka chini bila kumtazama, ni lile lile. Kijana aliyelelewa akiruka hivyo anayo tayari sehemu ya kazi ambayo makocha wa majini huisomesha kwa miaka.

Mruko huo wa morani umefungamana na maisha ya rika, na si pambo la watalii. Eunoto ni sherehe inayowafungulia morani njia ya kuelekea utu uzima. Pamoja na Enkipaata na Olng'esherr, iliingizwa na UNESCO mwaka 2018 katika orodha ya urithi unaohitaji kulindwa haraka. Mtunzi anayetaka kuchukua kitu humo anapaswa kujua anachukua nini na kwa nani. Katika dansi ya nchi kavu jambo hilo limeshafanywa kwa heshima. Mkenya Fernando Anuang'a amejenga kazi yake ya jukwaani, ikiwemo ile iitwayo Traditional Future, juu ya miondoko na sauti za Kimaasai: mtikisiko wa shingo na mabega, mruko, na ile pumzi ya kooni. Opiyo Okach na wenzake Faustin Linyekula wa Kongo na Afrah Tenambergen nao waliunda kundi la Gàara jijini Nairobi, na kazi yao Cleansing ikatuzwa katika mashindano ya watunzi wa Afrika yaliyofanyika Luanda mwaka 1998. Dansi ya kisasa ya Kenya ina mizizi. Haijaingia majini bado.

Kuogelea kwa Kenya nako kumekuwa kwa mbio. Jason Dunford, mzaliwa wa Nairobi, aliweka rekodi ya Olimpiki katika mchujo wa mita 100 mtindo wa kipepeo Beijing mwaka 2008, akamaliza fainali nafasi ya tano, na mwaka 2010 kule Delhi akashinda dhahabu ya Jumuiya ya Madola katika mita 50. Alipoacha mashindano hakuwa mtunzi wa dansi, lakini alikuwa msanii: alianza kuimba kwa Kiswahili akijiita Samaki Mkuu, akiwa pamoja na mwenzake Romantico. Ni mfano wa karibu zaidi ambao Kenya inao wa mtu wa bwawa kuhamia jukwaani. Katika uogeleaji wa kisanii wenyewe, Kenya haijawahi kushiriki Olimpiki. Barani Afrika njia imefunguliwa na Misri, ambayo imepeleka timu zaidi ya mara moja, na Afrika Kusini.

Kwa anayetaka kuanzisha sanaa hii Kitengela, mji wa Kaunti ya Kajiado, kikwazo kinachotajwa kwanza ni maji, na kinastahili kutajwa. Kaunti hiyo kwa sehemu kubwa ni nchi kame. Bomba la Noolturesh huteremsha maji ya chemchemi kutoka miguuni mwa Kilimanjaro, upande wa Oloitokitok, na kulisha miji kadhaa ya Kajiado na Machakos, lakini miji imekua kuliko bomba. Kitengela, iliyokuwa malisho ya nyanda za Athi-Kaputiei, sasa ni mitaa ya nyumba za kupanga ambako wengi hutegemea visima virefu na malori ya maji. Maji ya visima vya eneo hilo mara nyingi yana chumvi na madini ya floraidi. Kisha mvua ikija huja yote kwa pamoja: ukame ulioua mifugo kwa maelfu ulifuatwa, mwaka 2024, na mafuriko yaliyowanasa watu majumbani Kitengela na Athi River.

Hesabu ya bwawa inafaa kufanywa bila kuogopa. Bwawa la mashindano makubwa ya uogeleaji wa kisanii huwa na urefu wa mita 30, upana wa mita 20 na kina cha mita 3. Hizo ni lita milioni 1.8, sawa na safari 180 za lori la lita 10,000. Kwa mji unaopanga foleni ya mitungi, namba hiyo inaumiza kuisoma. Hata hivyo bwawa halijazwi kila siku. Maji yake huzungushwa, huchujwa na kutiwa dawa, na kinachopotea zaidi huondoka na jua na upepo. Uso wa bwawa hilo ukipungua kwa milimita 5 kwa siku, hasara ni lita 3,000, na turubai la kufunika usiku huipunguza. Kila milimita ya mvua inayonyesha juu ya mita moja ya mraba ya paa ni lita moja. Paa la ukumbi wa mita za mraba 1,000, mahali panapopata milimita 500 za mvua kwa mwaka, hupokea lita 500,000, ambazo sehemu kubwa inaweza kuvunwa mifereji ikiwa mizima. Bwawa la umma mahali kame linawezekana basi, ila lazima lipangwe pamoja na paa lake na tangi lake, na lisichukue maji kutoka kwenye bomba linalolisha majiko ya watu.

Bwawa la kina la umma lipo tayari Kasarani, jijini Nairobi, katika uwanja uliokamilishwa kwa ajili ya Michezo ya Afrika ya mwaka 1987. Kwa mtoto wa Kitengela, Kasarani ni ng'ambo ya pili ya jiji. Yaliyo karibu naye ni mabwawa ya hoteli na ya shule za kulipia, mengi yakiwa na kina cha kifuani. Hayafai kwa mashindano. Kwa kuanza yanafaa kabisa. Kupapasa maji kwa viganja hujifunzwa mtu akiwa amelala chali juu ya maji ya mita moja. Hesabu za muziki, mpangilio wa safu na miondoko ya mikono hufanyiwa mazoezi nchi kavu, na timu za ngazi ya dunia hutumia saa nyingi hivyo hivyo, wachezaji wamesimama kando ya bwawa wakichora kwa mikono kile ambacho miguu itafanya.

Kabla ya hayo yote kuna kuelea. Kule Nungwi, kaskazini mwa Unguja, mradi wa Panje ulianza kuwafundisha wasichana na wanawake kuogelea wakiwa wamevaa mavazi yanayofunika mwili mzima, kwa sababu walikuwa wakiishi ufukweni bila kujua kujiokoa. Mafunzo huanza kwa kulala juu ya maji huku mkono wa mwalimu ukiwa chini ya mgongo, mpaka mwanafunzi asadiki kwamba maji yatambeba. Mcheza dansi wa majini huanzia hapo hapo. Mtoto wa Kajiado anayefundishwa kuelea kwa ajili ya sanaa anakuwa amefundishwa pia jinsi ya kusubiri msaada mto Athi unapovunja kingo.

Shuleni mlango umeshafunguliwa kwenye karatasi. Mtaala wa umilisi wa Kenya umeunganisha muziki, sanaa za mikono na elimu ya viungo kuwa eneo moja la kujifunza, na katika sekondari msingi eneo hilo hubeba sanaa na michezo kwa pamoja. Kuogelea kumetajwa humo, ingawa shule nyingi za umma hazina pa kukufanyia. Mwalimu mmoja anaweza basi, kwa idhini kamili ya mtaala, kufundisha wimbo, mruko na kuelea kama kitu kimoja. Anachohitaji ni saa chache kwa wiki katika bwawa la jirani, mwokozi aliyefunzwa asiyeondoa macho majini, na kanuni moja ya usalama: hakuna anayefanya mazoezi ya kubana pumzi akiwa peke yake, wala anayevuta pumzi haraka haraka kabla ya kuzama ili akae chini muda mrefu zaidi. Zoea hilo huondoa mwilini ile hewa chafu inayomwonya mtu kwamba ni wakati wa kupanda, na mchezaji hupoteza fahamu bila dalili yoyote, hata katika maji ya kifuani.